Cheti cha kushona: niandike ujuzi, ustadi au umahiri?

*«Ninasimamia atelie ndogo ya kushona hapa Goma, upande wa Katoyi. Wasichana 14 wanamaliza miezi sita ya mafunzo. Cheti cha Kifaransa tunacho, lakini wazazi wengi hawasomi Kifaransa, ndiyo maana tumeamua kuweka na Kiswahili. Tumekwama kwenye mstari mmoja. Kwa Kifaransa tuliandika compétences. Mwenzangu aliyesoma Tanzania anataka "umahiri". Katibu wetu anasema "ustadi" ndilo neno la heshima. Mimi niliandika "ujuzi", wakanicheka: eti ujuzi ni wa kichwani, si wa mikono. Halafu baba wa binti mmoja akauliza kwa nini tusiandike tu kwamba mtoto "amekuwa fundi". Je, maneno haya yana tofauti ya kweli ama ni urembo? Na ni lipi ambalo halitanifanya niseme uongo juu ya karatasi yenye muhuri?»*

Mama, umeuliza maswali mawili kwa pamoja, na la pili ndilo zito. La kwanza ni la lugha: maneno haya yanatofautianaje. La pili ni la ukweli: cheti kinamwahidi nini mtu atakayempa binti huyo kitambaa chake. Nitaanza na la kwanza kwa sababu jibu lake linasaidia la pili, lakini usisubiri hadi mwisho: neno lako, ujuzi, ni sahihi. Ustadi ni zito mno kwa miezi sita. Umahiri halina kosa, ila huko kwenu litasikika vingine kabisa na alivyokusudia mwenzako. Na yule baba yuko karibu na ukweli kuliko mnavyodhani, ingawa neno lake lina mahali pake.

Tuanze na kicheko. Kwamba ujuzi ni wa kichwani tu, si kweli, na kitenzi chenyewe kinaonyesha. Ujuzi umetoka kwenye kujua, kama ununuzi ulivyotoka kwenye kununua na uvumbuzi kwenye kuvumbua. Sasa sikiliza tunavyokitumia kitenzi hicho. «Najua kwamba ziwa liko kusini mwa mji»: hiyo ni habari, inakaa kichwani. «Najua kushona», «najua kuogelea», «anajua kupika sombe»: hapo hakuna habari yoyote, kuna mwili unaoweza kazi. Kifaransa, kikitaka nomino, huunga neno la pili, savoir-faire, ili kitoke kwenye kichwa kifike mikononi. Kiswahili hakihitaji, kujua kunabeba vyote viwili, na ujuzi umerithi mizigo yote miwili. Tanzania, mamlaka ya mafunzo ya ufundi stadi, VETA, ina utaratibu wa kuwapima mafundi waliojifunza mtaani bila kupita chuoni, kisha kuwapa vyeti. Utaratibu huo unaitwa urasimishaji ujuzi. Kama ujuzi ungekuwa wa kichwani tu, wasingekuwa na cha kurasimisha, maana watu wale mara nyingi hawajawahi kuandika mtihani wa ushonaji, wala wa uashi, wala wa umekanika. Wanapimwa kile ambacho mikono yao inaweza.

Hata hivyo, waliokucheka wana robo ya haki. Tunasema ujuzi hauzeeki. Mzee aliyeshona miaka arobaini, macho yameisha, vidole vinatetemeka, bado akiletewa koti lililopinda begani ataonyesha kwa kidole mahali palipokosewa. Mkono wake umeshuka. Ujuzi wake uko palepale. Kwa hiyo ndani ya ujuzi kuna kitu cha kichwa kisichokufa mkono unapochoka. Kile kinachopungua mkono ukilala ndicho tunachokiita ustadi, na hapo tofauti yenu inaanza kuonekana.

Nichukue jambo moja dogo la mashini, lile ambalo kila msichana wako amelipata wiki ya kwanza: mshono ni mzuri juu, lakini chini ya kitambaa uzi umejaa vitanzi. Asiyejua anaona vitanzi viko chini, basi anakwenda kukaza skrubu ya bobini. Anazidi kuharibu. Vitanzi vikiwa chini, karibu kila mara mwenye kosa ni uzi wa juu, ambao umelegea kiasi kwamba wa chini unauvuta hadi upande wa pili. Na sababu ya kawaida kuliko zote ni kwamba aliutia uzi huku mguu wa mashini umeshushwa. Mguu ukiwa chini, zile sahani mbili zinazobana uzi zimefungana. Uzi unapita juu yake bila kuingia katikati, kwa hiyo haubanwi na kitu.

Binti anayeweza kukueleza hivyo ana maarifa. Binti anayeinua mguu, anatoa uzi, anautia upya tangu mwanzo, anajaribu kwenye kipande cha kitambaa kilekile kabla ya kurudi kwenye nguo ya mteja, huyo ana ujuzi, hata kama hawezi kueleza habari ya sahani mbili. Na yule ambaye mshono wake unatembea sentimita moja na nusu kutoka ukingoni tangu kwapani hadi kiunoni bila kupanda wala kushuka, ambaye ncha mbili za kola yake zikikunjwa zinalaliana sawasawa, ambaye maua ya kikwembe yanakutana pande zote mbili za zipu kana kwamba kitambaa hakikukatwa, huyo ana ustadi. Ujuzi unajibu «anaweza?» Ustadi unajibu «anaweza kwa kiwango gani?» Ndiyo maana mtu anaweza kuwa na ujuzi bila ustadi. Kinyume chake hakipo.

Katibu wako amehisi heshima ya neno hilo kwa sababu heshima hiyo imo kwenye asili yake. Ustadi ni ndugu wa ustadhi. Mzizi wao ni neno la Kiajemi, ustad, maana yake bwana mkubwa wa kazi au mwalimu, lililopitia Kiarabu likatufikia pwani. Kumwita mtu stadi ni kusema wengine wanaweza kujifunza kwake. Je, ungempa msichana wa miezi sita wanafunzi wake mwenyewe? Mmoja kati ya 14 huenda. Cheti kinachapwa kwa wote 14.

Kuna mtego hapa ambao unawanasa hata waandishi wa magazeti. Stadi, bila ile *u* ya mbele, ni maneno mawili. La kwanza ni sifa: fundi stadi, mafundi stadi, yaani hodari wa kazi yake; halibadiliki kwa wingi. La pili ni nomino ya kuhesabika: stadi hii, stadi hizi. Ndilo lililomo kwenye «stadi za maisha», «stadi za kazi» na zile stadi nne za lugha ambazo walimu wote wanazikariri, kusikiliza, kuzungumza, kusoma na kuandika. Stadi ya namna hii haina sifa ndani yake. Ni uwezo mmoja wenye mipaka, unaoweza kufundishwa peke yake na kupimwa peke yake. Kutia zipu ni stadi. Kuchukua vipimo ni stadi. Kwa hiyo ukitaka neno la wingi la kuweka juu ya orodha, kama kile Kifaransa chenu kilivyoweka *s* mwishoni, unaweza kuandika «stadi alizojifunza» bila kusema uongo wowote. Ukiandika «ustadi alioupata», umeshapanda ngazi nyingine. Ujuzi wenyewe hauna wingi. Usikubali mtu akuandikie «maujuzi».

Mwenzako wa Tanzania naye ana sababu. Shuleni kule, mtaala wa umahiri ni ule unaotaka mwanafunzi aweze kutenda, si kukariri tu, na umahiri ndilo neno walilochagua kwa kile Wafaransa wanachoita compétence. Kenya walichagua lingine, umilisi, kwa wazo hilohilo. (Wataalamu wa isimu huwa wanatabasamu hapo: kwao umilisi, tangu mwanaisimu Chomsky, ni lugha iliyomo kichwani mwa mtu, na kinachotoka mdomoni ni utendaji. Neno moja, chuo kimoja linakaa kichwani, shule ya pili linakaa mikononi.) Lakini nje ya ofisi za mitaala, mahiri ni sifa kubwa: mchezaji mahiri, mshairi mahiri. Mzazi wa Katoyi hajasoma mtaala wa Dodoma. Akiona «umahiri» ataelewa kwamba binti yake amewapita wenzake, na wazazi wote 14 wataelewa hivyo hivyo. Bingwa, mbobezi na hodari ziache kabisa. Ni maneno ya kumsifu mtu mbele ya watu, hayafai juu ya muhuri.

Sasa yule baba. Fundi linasimama ukoo mmoja na kufunda, kufundisha, mafunzo na mwanafunzi. Kwa asili yake, fundi ni mtu aliyefundwa kazi ikamkaa. Kwa maana hiyo baba hajakosea hata kidogo: mmemfunda binti yake. Shida ni kwamba mitaani neno limeongezewa ahadi. Mtu wa Goma akisema «ule ni mufundi», anamaanisha unaweza kumwachia kazi ukaondoka. Mtengeneza chukudu, kile chombo cha mbao cha magurudumu mawili cha kubebea mizigo, akiitwa fundi hasimamiwi. Anachagua mti mwenyewe, anajua gurudumu la mbao livikwe mpira wa tairi kuukuu namna gani, na mamia ya kilo za viazi yatateremka barabarani juu ya kazi yake bila yeye kuwepo. Je, binti anaweza kuachiwa kikwembe cha harusi namna hiyo? Kama bado, basi tumia *ufundi* kama jina la kazi, «mafunzo ya ufundi wa kushona», na usitumie *fundi* kama jina la mtu. Kiswahili kina neno zuri kwa aliye katikati, mwanagenzi, yule anayejifunza kazi chini ya mwenye kazi. Kwenu aprenti limelifunika. Sioni ubaya wa kuliacha.

Maneno mengine nitayapita haraka. Elimu ni kile ulichofundishwa kwa mpango, na cheti cha miezi sita hakihitaji kuitaja. Kipaji ni kile alichokuja nacho mtoto. Si kazi yenu, msikiwekee muhuri. Uzoefu ni miaka, na miaka haijapita. Usiuchanganye na mazoea, ambayo yanaweza kuwa ya ubaya vilevile: kuna mtu ana miaka kumi ya kukaza bobini kila vitanzi vinapotokea. Mayele, tulilolipata kwenye Kilingala, na ile Article 15 ambayo kila Mkongomani anaifahamu, ni akili ya kujitoa kwenye shida. Ni mali kubwa mjini Goma. Haipimwi darasani.

Weledi ni jambo tofauti, nao unastahili mstari wake. Weledi ni mwenendo wa mtu wa kazi: kutimiza siku uliyoahidi, kurudisha kitambaa kilichobaki, kumwambia mteja mapema kwamba mtindo alioutaka hautatoka kwenye kikwembe alicholeta. Wanawake wa mjini wanajua wanavyozungushwa na «njoo kesho», na wengi hawamkimbii mshonaji kwa mshono mbaya. Wanamkimbia kwa hiyo kesho. Kama mmefundisha mambo hayo na mmeyaona yakifanyika, yaandikeni kwa maneno yake: «hutimiza tarehe, hurudisha mabaki ya kitambaa». Wazazi wataelewa kuliko mngeandika weledi.

Nirudi kwenye hofu yako ya uongo, maana naona mmeitafuta kwenye nomino na imejificha kwenye kitenzi. Vyeti vingi hudanganya kwa kitenzi. *Amehudhuria* inasema alikuwepo. *Amehitimu* inasema alifika mwisho wa mafunzo. *Amefuzu* inasema alipimwa akashinda. Mkiandika «amefuzu» na hamkuwapima, hakuna nomino itakayowaokoa, hata ile ya unyenyekevu kabisa. Na mkiwapima vizuri, swali la ujuzi au ustadi litakuwa jepesi, kwa sababu mtakuwa mmeona kwa macho.

Kipimo cha sketi moja yenye zipu na ukanda kinatosha kwa kiwango chenu, kila mmoja peke yake, kitambaa kipya, vipimo vya mtu aliye hai na si vya karatasi. Sindano namba 90 na mshono wa milimita 2.5 vinafaa kwa kitenge cha kawaida. Lakini msiwatayarishie, waache waweke wenyewe, kwani kuchagua ni sehemu ya ujuzi. Halafu angalieni vitu ambavyo haviwezi kubishaniwa. Pimeni nafasi ya mshono mahali patano: ikicheza zaidi ya milimita mbili, tatu, mkono bado. Mvalisheni mtu ile sketi, mpime pindo kutoka sakafuni mbele, nyuma na pande zote mbili. Likipanda nyuma, kosa mara nyingi liko kwenye kupima nyonga au kukata kiuno, wala si kwenye kushona, na hilo linakwambia ni stadi gani imepungua. Zipu ikifanya mawimbi, kitambaa kilivutwa wakati wa kushona au hakikushikizwa kwanza kwa mkono. Kwa kila stadi andika moja kati ya tatu: anaweza mwenyewe, anaweza akisaidiwa, bado. Alama za asilimia zinapendeza, lakini asilimia 68 ya kutia zipu ni zipu inayofunga au isiyofunga?

Kwa hiyo ningeandika hivi, nanyi mbadilishe mnavyotaka:

*«Amehitimu mafunzo ya miezi sita ya ufundi wa kushona, na amepimwa kwa vitendo. Ameonyesha ujuzi wa kufanya kazi zifuatazo bila kusaidiwa: kuchukua vipimo vya mwili, kukata na kushona sketi na blauzi ya kitenge, kutia zipu na vifungo, kurekebisha mkazo wa uzi na kubadilisha sindano ya mashini.»*

Orodha hiyo isiwe moja kwa wote. Aliyeshindwa zipu, zipu isionekane kwenye cheti chake. Najua ni kazi zaidi kwa anayechapa, na kuna mzazi atakayelalamika kwamba karatasi ya binti wa jirani ni ndefu. Mwambieni mtoto anaweza kurudi kupimwa zipu peke yake, mkamchapia nyingine. Kama kuna mmoja au wawili ambao kweli wana ustadi, waandikieni barua ya pembeni yenye sahihi ya mwalimu aliyewafundisha, na hapo neno ustadi liingie kwa heshima zake zote.

Mambo mawili hayawezi kumalizwa kwa maandishi yangu. Kwanza, upande wa Kifaransa: kabla ya kuchapa brevet, au neno lolote linalofanana na vyeti vya serikali, mmoja wenu aende na rasimu mkononi kwenye ofisi ya INPP ya mjini, taasisi ya taifa ya mafunzo ya kazi, akaulize ni jina gani kituo kisicho cha serikali kinaruhusiwa kutumia. Hata kama Kiswahili chenu ni kinyofu, jina lisilowahusu juu ya karatasi linaweza kumletea shida binti siku atakayoomba kazi. Pili, mpeni mwalimu wa Kiswahili asome upatanisho wa maneno kabla ya kuchapa nakala 14. Mtaani tunasema bafundi au wafundi na hakuna anayepotea. Kwenye cheti ni mafundi, na wanapatana kama watu: mafundi wawili wamefika. Ujuzi huu, ustadi huu, stadi hizi, maarifa haya.

Rasimu ikishakuwa tayari, msomee kwa sauti mzazi mmoja ambaye hakuwa kwenye mabishano yenu, kisha umuulize binti yake anaweza kumshonea nini kesho. Akijibu «sketi na blauzi, lakini si koti», chapeni. Akijibu «amesoma sana» bila kutaja hata nguo moja, rudini kwenye orodha.